Lalamiko Kuhusu Waya wa Njano, Vichwa vya Kijani, na Fundi Nisiyeruhusiwa Kumwona

Abrahamu Swila,
Mtaa wa Sogea,
Tunduma, Songwe.
Alhamisi, baada ya chai ya saa nne.

Kwa Meneja wa Tawi,
Nuru Kasi Mitandao,
Tunduma.

Ndugu Meneja,

YAH: WAYA WENU, VICHWA VYAKE, NA FUNDI MNAYENILETEA

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu, ambacho kwa sasa ndicho kichwa pekee ndani ya nyumba hii kinachofanya kazi yake.

Mimi ni mteja wenu, mzee wa kanisa, baba wa watoto wawili, na mstaafu wa mizani ya magari makubwa ya barabara kuu. Siyataji haya kwa kujisifu. Nataka tu mjue mnaongea na mtu wa namna gani. Miaka yangu yote ya kazi nimepima malori yaendayo Zambia na Kongo, na sikukubali hata siku moja neno la dereva pale ambapo mizani ilisema vingine. Kwa hiyo ninapolalamika, nalalamika kwa vipimo.

Niseme kwanza kinachoniuma. Jumapili hii, baada ya ibada, mjukuu wangu wa kwanza anapewa jina huko Dar es Salaam. Ni mtoto wa binti yangu Gwantwa. Wakwe zetu wa huko, watu waungwana sana, wamenipa mimi heshima ya kulitaja jina hilo, na nilitakiwa kulitaja kupitia kishikwambi alichonitumia Gwantwa, wao wakiniona na mimi nikimwona mtoto. Magoti yangu hayaliwezi tena basi la Dar. Mke wangu, Mama Gwantwa, amekwenda huko tangu mtoto azaliwe, kumtunza mzazi. Nimebaki mimi, kishikwambi, na ruta yenu inayowaka taa nyekundu. Taa hiyo isipogeuka kabla ya Jumapili, mjukuu wangu atapewa jina na mtu mwingine, na mimi nitasimuliwa kwenye simu ya tochi isiyo na picha kama mtu anayesimuliwa mpira uliokwisha.

Sasa basi. Fundi pekee mliyebaki naye hapa Tunduma, baada ya kumpeleka Ndugu Uledi kule Mkwajuni, ni mke wa mwanangu Lucky. Lucky ni dereva, wakati mwingi yuko Ndola na lori, na mkewe anaishi nyumba ya uani hapa hapa kwangu. Sisi ni Wandali wa Ibaba, na kwa mila za ukoo wetu baba mkwe na mke wa mwana hawaonani uso kwa uso, hawasemeshani, hawali meza moja, na wakikutana njiani mmoja huingia shambani. Hata majina hawatajani. Jina la fundi wenu mnalijua. Mimi siwezi kuliandika, kwa sababu sioni kalamu ina tofauti gani na ulimi.

Zamani Mama Gwantwa ndiye aliyekuwa akibeba maneno kati yetu. Sasa nikitaka chumvi nampigia Mama Gwantwa Dar, Mama Gwantwa anampigia fundi wenu uani, na chumvi inawekwa juu ya kigoda nje ya mlango. Ombi la chumvi linakwenda Dar na kurudi ili livuke uwanja ambao kuku wangu wanauvuka huku wakidonoa. Mambo yakiwa ya haraka, yeye husimama barazani akauambia mlango, na mimi ndani nasikia. Nami nikiwa na jibu nakiambia kigoda. Mfumo huu haujawahi kutuletea matatizo mpaka ninyi mlipouletea fiba, huo mtandao wenu wa waya.

Baada ya utangulizi huo mfupi, malalamiko yangu ni haya.

1. RANGI. Mlipokuja kufunga huduma mliniletea waya wa njano wenye vichwa vya kijani. Njano na kijani, Ndugu Meneja! Mimi ni mtu wa Msimbazi tangu nipate akili. Kalenda yangu nyekundu, kitambaa cha redio chekundu, hata ndoo ya kunawia wageni ni nyekundu. Ninyi mkaja mkapitisha jezi ya watani ukutani kwangu, kutoka kwenye kile kisanduku chenu cheupe mpaka kwenye ruta, mahali ambapo kila mgeni akikaa lazima aione. Jirani yangu Aliko, ambaye ni wa upande ule, alikuja kutazama mechi ya watani wa jadi, akaupiga picha huo waya akawatumia wenzake. Nikavumilia. Mechi ilipokwisha, na matokeo mnayajua, nikashindwa kuvumilia.

Nikaenda kwa Athuman, anayeuza simu na vikorombwezo vyake karibu na mpaka. Ni mtu wa Tanga, lakini kwa ajili ya Wazambia anamsalimia kila mteja "mulishani", hata mimi. Nikamwomba waya ule ule, ila mwekundu. Akasema vichwa vyekundu hana na hajawahi kuviona. Dunia yote hii inatengeneza vitu usiku na mchana, na hakuna aliyekumbuka nyekundu! Alichokuwa nacho ni waya wa njano wenye vichwa vya bluu. Nikatafakari. Bluu ni ya timu ya Azam, na Azam sina ugomvi nao. Nikaununua, na ile njano nikaizungushia utepe mwekundu wa mafundi umeme toka mwanzo hadi mwisho. Ukapendeza kweli. Waya wenu nikaupa kazi nyingine ambayo nitaitaja mbele.

Nilipouchomeka huo mpya, ruta ikawasha taa nyekundu. Kwa muda mfupi nilidhani ni shukrani.

2. UBAGUZI. Kichwa cha bluu kiliingia kwenye tundu la kijani bila ubishi wowote. Kilifanya "tak", kikakaa. Kwa akili ya mtu mzima, kitu kilichoingia kikakaa kimekubaliwa. Lakini Jumanne fundi wenu alisimama barazani akauambia mlango kwamba ncha ya kijani imechongwa upande, imelala kidogo kama paa la banda, na ncha ya bluu haikuchongwa hivyo. Zikikutana hazigusani sawasawa, panabaki upenyo, na mwanga mwingi unapotelea hapo hapo. Tena zinaweza kuumizana. Kijani kwa kijani, bluu kwa bluu, akasema, na mtu akienda dukani aangalie kwanza tundu la ruta na la ukutani yana rangi gani, asiangalie msimamo wa ligi. Hilo la ligi sijui alilijuaje. Nadhani ni Aliko.

Nauliza, hii ni karne gani? Hapa Tunduma Mnyamwanga anaoa Mnyiha, Mndali anaoa Msafwa, Mtanzania anaoa Mbemba na watu wanacheza pande zote mbili za mpaka. Mwanangu mwenyewe ameoa Mnyiha wa Mbozi na hakuna mwanga uliopotea. Leo kampuni inaniletea vichwa ambavyo havitaki kugusana kwa sababu ya namna vilivyochongwa na wazee wao! Mimi nachukia sana mambo ya kutenganisha watu, samahani, vitu, ambavyo vingeweza kukaa pamoja.

3. USAFI ULIOPITA KIASI. Taa ilipokataa nilifanya ambacho mwanaume yeyote mwenye busara angefanya. Nilichomoa kichwa, nikakipuliza, nikakifuta kwa kidole, nikakifuta tena kwa pindo la shati, na kilipokuwa kigumu kurudi nikakipaka grisi. Kidogo sana! Malori yanakwenda mpaka Lubumbashi kwa grisi na hakuna aliyelalamika. Nilipokiambia kigoda kwamba nimepaka grisi, nilisikia mkoba wa vifaa ukiwekwa chini barazani. Kisha fundi wenu akauambia mlango, "Ee Yesu wangu."

Alieleza kwamba njia ya mwanga ndani ya ile ncha ni nyembamba kuliko unywele, na vumbi ambalo jicho halilioni linatosha kuiziba. Kidole changu, hata nikinawa, kina mafuta. Pumzi yangu ina unyevu. Shati langu alilitaja pia, sitarudia. Kumbe ncha hufutwa kwa kitambaa chake maalumu kikavu au kwa kijikalamu cha kusafishia, na ikichomolewa huvalishwa kifuniko chake papo hapo. Kifuniko nilishakitupa siku ya kwanza, nilidhani ni cha safari.

Ndugu Meneja, Tunduma hii mnaijua? Kila lori linalopita linatuachia vumbi la huko lilikotoka. Nguo ukianika nyeupe unaanua za kaki. Kumuuzia mtu wa Tunduma kitu kisichotaka vumbi ni kumuuzia samaki asiyetaka maji. Na kama hiyo haitoshi, nikaonywa nisichungulie ndani ya ncha, kwamba humo ndani mna mwanga usioonekana unaoweza kuliharibu jicho. Mwanga usioonekana! Ukistaajabu ya Musa, utaona ya Firauni.

4. Lalamiko hili nimelifuta. Lilimhusu Aliko na ile picha yake, na ninyi hamna mamlaka juu ya Aliko.

5. KONA. Mama Gwantwa kabla ya kusafiri aliipamba ruta kwa kitambaa cha kufuma, na meza ya chini yake nayo ina kitambaa chake, kama ilivyo nyumba yoyote ya watu wenye adabu. Huo waya wa Athuman ni mrefu mara tatu ya safari yake, maana nilichagua mrefu. Nani anakataa kuzidishiwa? Ile ziada nikaikunja vizuri, nikaipindia kwenye msumari, nikaikaza kwa mpira wa manati ikawa kijifurushi kidogo, nikakifunika kwa kitambaa. Mgeni asingejua kama kuna waya.

Fundi wenu akauambia mlango kwamba moyo wa waya huo ni kioo, na kioo hakipigwi kona ya msumari. Mwanga ukikuta kona kali unatoka nje ya njia yake. Ziada inatakiwa iviringishwe kwa duara pana, walau upana wa mdomo wa kikombe cha chai, na ifungwe kwa ulegevu, na kilicho bora zaidi ni kununua waya unaotosha tu. Mimi nayajua magari yanayoshindwa kona. Nimeyaona yakilala Mlima Nyoka na mizigo yake. Lakini shuleni tulifundishwa kwamba mwanga ndio wenye mbio kuliko kitu chochote kilichoumbwa, nikawa nauheshimu. Leo naambiwa umeshindwa na msumari wangu wa inchi mbili.

6. MIZANI YENU. Hapa naongea kama mtaalamu. Jumatano fundi wenu alirudi na kile kijimita chenu cha kupimia mwanga. Mimi nilikuwa nimekwisha kutoka sebuleni kwa mlango wa nyuma, nikawa mahali fulani chini ya dirisha ambapo nilisikia kila kitu. Akapima kwenye kisanduku cha ukutani akautangazia mlango: hasi kumi na tisa, hapa safi. Akapima mwisho wa waya wangu: hasi thelathini na tatu, hapa hakuna kitu.

Hasi! Kwa miaka yote niliyokaa kwenye mizani sijawahi kuona mzigo wenye uzito chini ya sifuri. Gari la namna hiyo halisimami kwenye mizani, linapaa juu yake. Tena eti kwenu hasi kumi na tisa ni nyingi na hasi thelathini na tatu ni kidogo. Dereva angenieleza maneno hayo ningemweka pembeni mpaka kesho yake. Naomba chombo hicho kipelekwe kwa watu wa vipimo kikapigwe muhuri.

7. FUNDI. Mzigo mzito nimeuacha mwisho. Ule waya wenu wa njano na kijani, wa mwanzo, niliufungia mlango wa banda la kuku. Nawapongeza, umekaza sana. Mngeuuza kwa kazi hiyo ningewasifu mtaa mzima. Na mahali nilipokuwa Jumatano wakati fundi anapima ni humo humo bandani. Sikuwa na pengine pa kwenda. Yeye alikuwa sebuleni, uani ni kwake, na barabarani alikuwapo Aliko.

Alipomaliza kupima akaanza kutafuta waya wa kampuni. Hakuukuta ukutani, hakuukuta mezani. Akatoka nyuma, nikasikia hatua zinakuja, zikasimama. Alikuwa ameuona, umefungwa fundo la ng'ombe. Hakuuambia mlango safari hii. Akasema, "Wewe jogoo, hebu nisaidie. Huo waya wa watu umefikaje kwako?"

Jogoo aliendelea kudonoa. Mimi nilikuwa nyuma ya jogoo, nimeinama kwa magoti haya, manyoya yameingia kwenye kola. Nimewahi kumsimamisha mtu mwenye malori hamsini akaniita mheshimiwa. Sasa nilikuwa naomba kuku wasinitaje. Ndipo nikamsikia anacheka. Si kwa dharau, hapana, alikuwa amejiziba mdomo na kicheko bado kinatoka. Tangu aolewe hapa sijawahi kukisikia kicheko chake mpaka mwisho. Kila nikitokea kinakatika. Ni kicheko kizuri, nakiri, lakini si cha kusikilizwa na baba mkwe akiwa bandani.

Akamweleza jogoo kwamba waya ule umekwisha, kioo chake kimevunjika kwenye fundo. Waya mpya upo stoo kwenu. Ila utaratibu wa kampuni unataka mteja awepo mbele ya fundi, aoneshwe taa ikiwaka, ajaribu mwenyewe kwenye kifaa chake, bila hivyo kazi haifungwi. Yaani uso kwa uso. Mila inasema nisiwepo, kampuni inasema niwepo, na mtoto kule Dar hana jina.

Msinielewe vibaya. Sina ubaya naye. Magoti yaliponilaza wakati wa masika alikuwa akiniachia beseni la maji ya moto yenye chumvi juu ya kigoda kila jioni, bila kuambiwa na Mama Gwantwa wala na mtu mwingine. Lakini heshima ni heshima, Ndugu Meneja. Mtu akiiacha kwa sababu ya waya, kesho ataiacha kwa sababu ya nini?

Kwa hiyo naomba, kwa unyenyekevu wote, mambo yafuatayo.

Kwanza, fundi huyu ahamishiwe Mkwajuni na Ndugu Uledi arudishwe Tunduma kabla ya Jumapili. Uledi ni mtu wa Kigoma, hajaoa kwangu, naweza kumtazama mpaka nichoke. Mkwajuni kuna wachimbaji wa dhahabu wengi wanaohitaji mtandao, na sidhani kama wote ni baba wakwe zake.

Kama hilo haliwezekani, utaratibu wenu ubadilishwe, mteja ambaye ni mkwe wa fundi awakilishwe na jogoo. Jogoo wangu ni mtulivu na tayari anaifahamu kesi.

Kama na hilo ni gumu, basi kuanzia sasa kabla hamjaajiri fundi mwulizeni ameolewa ukoo gani, kisha msipeleke fiba mtaa huo. Na kama mmefika mbali kiasi hicho, ni afadhali mvute fiba ya Tunduma nzima ipitie barazani kwangu, ruta ikae nje na mimi nikae ndani. Huo waya mtakaouvuta uwe mwekundu, vichwa vyeupe, uingie tundu lolote, usiogope vumbi, grisi wala msumari. Wenye akili zao wanapeleka vyombo mwezini. Sioni kwa nini hili liwashinde.

Mtaniuliza kwa nini nisiende kwa Athuman na kishikwambi changu nikatumia mtandao wa dukani. Nilifikiria. Athuman mwenyewe alinikaribisha kwa moyo mweupe. Lakini mtu hamwiti mjukuu wake wa kwanza jina katikati ya spika za dukani na watu wanaobadilisha kwacha.

Barua hii mtaletewa na fundi huyo huyo, kwa kuwa ndiye anayekuja ofisini kwenu kila asubuhi. Nitaiweka juu ya kigoda. Nimeifunga kwa gundi pande zote.

Nawasalimu nyote hapo ofisini: dada wa mapokezi anayenijua kwa sauti, mlinzi, wale vijana wa kupanda nguzo, na Ndugu Uledi akipiga simu kutoka Mkwajuni. Fundi wenu naye mpeni salamu zangu, kwa kuwa mimi siwezi kumpa.

Wenu ninayekaa gizani kwa heshima zote,

Abrahamu Swila,
Mkaguzi Mstaafu wa Mizani.

N.B. Leo ni Jumatatu asubuhi. Barua haikuja kwenu Ijumaa kwa sababu nilipotaka kuiweka juu ya kigoda nilikuta pana chupa ya chai na viazi vitamu, nikaona aibu kuvisogeza. Jumamosi ilikuwa hivyo hivyo.

Jana nilirudi kutoka kanisani, nikavaa koti, nikakaa mbele ya kishikwambi kilichokuwa hakina kitu. Simu ya tochi ikaita. Mama Gwantwa akasema watu wamekaa, mtoto amevalishwa, mchungaji anasubiri. Nikamwambia endeleeni tu, mtu mwingine ataje. Sikujua kwamba fundi wenu amesimama barazani na sare yake ya kwaya, waya mpya wa stoo mkononi, amesikia.

Akauambia mlango, "Mlango, mimi naingia. Anayetaka kutoka, nyuma kuko wazi, na banda nimemfungulia."

Sikutoka. Ni magoti, Ndugu Meneja. Andikeni hivyo, magoti.

Niligeukia ukuta. Nikamsikia anachomoa huo wangu mwekundu, anasafisha tundu, anasafisha tena. Nikasikia "tak" ukutani na "tak" kwenye ruta. Nilipogeuza shingo kishikwambi kilikuwa kimejaa watu: Mama Gwantwa amevaa kitenge kipya, Gwantwa amenenepa, wakwe zetu wote, na mtoto. Bwana asifiwe, mtoto ana paji la uso la kwetu! Mchungaji akasema, babu, tupe jina. Nilikuwa nalo tayari, Tukuswiga, jina la marehemu mama yangu. Nikakivuta kishikwambi nimwone vizuri. Kishikwambi kikavuta kitambaa cha meza cha Mama Gwantwa, kitambaa kikavuta ruta, na nikaiona ruta inakwenda ukingoni mwa meza na waya wake mpya.

Nikapiga kelele, ulimi ukiwa umenitangulia, "Enesi!"

Fundi wenu, kwa kusikia jina lake, akaidaka. Mara Dar nzima ikalipuka kwa vigelegele, Enesi, Enesi, na wakwe zetu wakawa wanasema ni jina zuri. Mchungaji, kwa uangalifu, akauliza kama ndilo hilo hasa. Kwa hiyo nafasi ya kusahihisha niliipata, wala sitasingizia mtandao.

Nikamtazama mwenye jina. Alikuwa amepiga magoti chini ya meza, ameikumbatia ruta yenu kwa mikono miwili, waya umelala kwenye paja lake kwa duara pana, na machozi yanamtoka. Basi ndiyo sura yake hiyo. Nikamjibu mchungaji kwamba ndiyo, anaitwa Enesi. Mama yangu atanisamehe, wajukuu wataongezeka. Na kwa kuwa nitamwita huyo mtoto kila siku hadi nife, sioni tena jina hilo nitalikwepaje hapa nyumbani.

Kwa hiyo malalamiko namba moja hadi saba, pamoja na lile nililolifuta, nayaondoa. Ndugu Uledi abaki huko huko Mkwajuni, hewa ni nzuri. Enesi msimpeleke popote. Waya wenu mpya wa njano na kijani uko wazi sebuleni kwangu, bila utepe. Aliko akiuliza nitamwambia ni rangi za mgomba.

Sasa hivi yuko barazani. Amekuja kuchukua barua na anauaga mlango, anakwenda kazini. Bahasha nimeifungua, nimeiacha hivyo hivyo, asome akitaka. Nimemwambia aache kuusumbua mlango, hauna masikio. Nimemwambia, Enesi, ingia kwanza tunywe chai.